Vinamasi vya Wafu: Nchi ya Kubuni na Ushahidi wa Historia

Husemwa mara nyingi kwamba historia ni elimu ya mambo yaliyokuwa, na hadithi ni sanaa ya mambo yasiyokuwa. Tofauti hiyo ni ya kweli, lakini mpaka wake si ukuta. Ziko nchi ambazo hazikupata kuchorwa katika ramani yoyote ya dunia, wala hapana msafiri aliyezikanyaga, ambazo hata hivyo zimefinyangwa kwa udongo wa mahali palipo hakika. Makala haya yataka kuitazama nchi moja ya namna hiyo, na kuuliza mwanahistoria ana haki gani ya kuiita shahidi.

Nchi yenyewe ni Vinamasi vya Wafu, katika The Lord of the Rings, kitabu cha J.R.R. Tolkien kilichotolewa London katika miaka ya 1954 na 1955. Wasafiri wawili, Frodo na Sam, wapita huko wakiongozwa na Gollum, kiumbe dhaifu mwenye hila nyingi. Njia ni ya tope, ukungu na maji yasiyotembea. Usiku taa ndogo kama mishumaa huwaka juu ya maji bila ya mkono wa kuzishika. Chini ya maji zaonekana nyuso, za wema na za waovu, za rafiki na za adui, zote zimefifia na kuoza pamoja. Ni nyuso za waliouawa katika vita vikuu vilivyopiganwa karibu na hapo zaidi ya miaka 3,000 kabla ya safari hiyo. Kinamasi kilienea baadaye kikameza makaburi yao. Gollum alipata kujaribu kuwafikia, asiguse kitu. Wafu hao huonekana, lakini hawashikiki.

Msomaji na afikiri hatari ya mahali hapo iko wapi. Hapana joka, wala jini, wala adui mwenye upanga. Hatari i katika kutazama. Anayezifuata taa huiacha njia, na anayeiacha njia huzama akawa mmoja wa wale aliokuwa akiwatazama. Uchawi wa kinamasi ni huzuni iliyopewa nguvu ya kuvuta.

Huzuni hiyo mwandishi aliipata wapi? Tolkien alizaliwa Bloemfontein, Afrika ya Kusini, mwaka 1892, akalelewa Uingereza. Mwezi wa Juni 1916 alivushwa kwenda Ufaransa akiwa ofisa wa cheo cha chini katika Lancashire Fusiliers, na kazi yake ikawa kusimamia mawasiliano ya batalioni. Tarehe 1 Julai mapigano ya mto Somme yalianza. Kwa siku hiyo moja jeshi la Uingereza lilipata hasara ya watu 57,470, na katika hao 19,240 walikufa. Mapigano yaliendelea mpaka tarehe 18 Novemba, na jumla ya waliouawa, waliojeruhiwa na waliotekwa wa pande zote ilipita milioni moja. Mizinga iling'oa miti na kuitoboa ardhi. Mvua zikayajaza mashimo maji, na maiti wengi wakabaki humo pasipo kuzikwa. Rob Gilson, rafiki wa Tolkien tangu shule, aliuawa siku ya kwanza. G.B. Smith, rafiki mwingine, alikufa kwa majeraha tarehe 3 Desemba. Tolkien mwenyewe aliokolewa na chawa: alishikwa na homa ya mahandaki, ambayo wadudu hao huieneza, akarudishwa Uingereza mwezi wa Novemba.

Je, yatosha basi kusema kwamba Vinamasi vya Wafu ni Somme iliyobadilishwa jina? Haitoshi. Katika barua aliyoiandika tarehe 31 Desemba 1960, Tolkien alikubali kwamba vinamasi hivyo vina deni kwa kaskazini ya Ufaransa baada ya mapigano ya Somme. Lakini papo hapo aliongeza kwamba deni kubwa zaidi ni kwa William Morris na vitabu vyake kama The House of the Wolfings, cha mwaka 1889. Tena, sura yenyewe aliiandika mwaka 1944, miaka 28 baada ya Somme, katikati ya vita vingine, mwanawe Christopher akiwa Afrika ya Kusini akijifunza urubani wa kivita. Anayeishika nusu moja ya barua kwa kuwa yampendeza, na kuitupa nusu ya pili, hatendi haki kwa shahidi wake.

Kwa hiyo kinamasi hakiwezi kutupa tarehe, wala idadi, wala mpango wa mapigano. Hayo tutayatafuta katika nyaraka. Kinachotupa ni jambo ambalo nyaraka hulitaja kwa shida: hali ya mtu aliyebaki hai, anayewaona wenzake kila akiinamisha macho, wala hawezi kuwafikia. Huko Thiepval, karibu na Somme, uko mnara uliozinduliwa mwaka 1932 wenye majina zaidi ya 72,000 ya watu wasio na kaburi lijulikanalo. Mnara una majina yasiyo na nyuso. Kinamasi kina nyuso zisizo na majina. Hasara ni ile ile, na kila kimoja chahifadhi nusu yake.

Vita hivyo hivyo vilifika na kwetu, tangu 1914 hadi 1918. Katika Afrika ya Mashariki mzigo mkubwa wa kufa haukuwaangukia wapiga bunduki bali wapagazi. Upande wa Waingereza peke yake hukisiwa walikufa zaidi ya 90,000, wengi wao kwa maradhi, njaa na uchovu. Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi zimelihifadhi jina la kikosi chao, lakini majina yao wenyewe kwa sehemu kubwa hayakuchongwa popote. Mwaka 2021 Kamisheni ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, hasa wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa.

Hapa ndipo swali letu la kwanza lipatapo uzito. Palipo na daftari, hadithi ni shahidi wa pili, naye asikilizwe kwa hadhari. Pasipo na daftari, yamkini akawa shahidi pekee aliyebaki, na hadhari hiyo yapasa kuzidi, maana hapana wa kumsahihisha. Frodo na Sam walivuka kwa sababu waliwaona wafu bila ya kuiacha njia. Mwanahistoria naye ana wajibu wa namna mbili: asizifuate taa akapotea katika dhana, wala asiufumbe macho uso wa mtu kwa kuwa hakuandikiwa jina.