Nyumba ya Posta ya Wajerumani, Lamu

Katika mtaa mkuu wa Lamu ipo nyumba ya mawe iitwayo Posta ya Wajerumani, ambayo sasa ni makumbusho. Ujenzi wake ni wa Waswahili wenyewe: mawe ya matumbawe, chokaa na boriti. Wajerumani waliitumia tangu Novemba 1888 hadi Machi 1891 tu, lakini jina lao ndilo lililobaki.

Kwa nini posta yao iwe Lamu, mji uliokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar? Mwaka 1885 ndugu wawili, Clemens na Gustav Denhardt, walipata mkataba na Sultani Ahmed wa Witu, aliyeitwa Simba. Witu iko bara, mbali na bandari, hivyo barua za kwenda Ujerumani zilipitia Lamu.

Oktoba 1889 Ujerumani ilitangaza himaya yake juu ya pwani yote kuanzia Witu hadi Kismayu. Darakasi, Chula, Koyama na vijiji vingine vya Wabajuni vikawa vya Wajerumani, ingawa kwa karatasi tu. Haikupita hata mwaka. Tarehe 1 Julai 1890 Ujerumani ilimwachia Mwingereza Witu na pwani hiyo, na katika mapatano hayohayo ikapewa Heligoland, kisiwa kidogo cha Bahari ya Kaskazini. Posta nayo ikafungwa. Mwaka 1925 Uingereza iliikabidhi Italia nchi ya Jubaland. Kiunga ikabaki Kenya. Darakasi ikaangukia upande wa pili.

Sisi tunaofundisha lahaja hatuna budi kuujua mpaka huo. Baada ya vita vya Somalia vya 1991, Wabajuni wengi walikimbilia Kenya na wengine wakafika Uingereza, ambako waombaji hifadhi wamefanyiwa uchunguzi wa lugha: je, huyu ni Mbajuni wa Somalia au wa Kenya? Hifadhi huweza kutegemea jibu hilo. Lakini wavuvi wa pande zote mbili wameoana na kutembeleana kwa mashua vizazi na vizazi, na waliokimbia wakiwa watoto wamekulia Mombasa, wakachanganya Kibajuni chao na Kiswahili cha mji. (Nani kati yetu hajachanganya?) Mchunguzi huombwa asikie katika matamshi ya mtu mstari uliochorwa na Waingereza na Wataliano. Wanafunzi wetu wa isimu wanaweza siku moja kuitwa kufanya kazi hiyo.