Fuvu la Mtwa Mkwawa

Wasikilizaji wetu, leo twataka kuzungumza nanyi habari za fuvu moja la kichwa. Huenda mtu akauliza, "Mfupa wa maiti una thamani gani, hata mataifa makubwa yautaje katika mapatano yao?" Swali hilo ni jema, na jibu lake tutalipata katika nchi ya Uhehe, karibu na Iringa.

Kwanza na tujue Wahehe ni nani. Hapo kale hapakuwa na kabila moja lenye jina hilo. Palikuwa na koo nyingi ndogo, kila moja na mkuu wake. Munyigumba ndiye aliyeziunganisha, nyingine kwa maneno na nyingine kwa mkuki. Alipofariki mwaka 1879 pakatokea ugomvi juu ya kiti chake, hata mwisho mwanawe Mkwavinyika, tumwitaye Mkwawa, akaushika utawala. Naye akajenga ngome ya mawe huko Kalenga.

Ndipo walipokuja Wadachi. Tarehe 17 Agosti 1891 jeshi lao, likiongozwa na Emil von Zelewski, lilikuwa likipita Lugalo. Wahehe walikuwa wamejificha majanini. Wakatokea ghafula, na vita vikaisha kwa muda mfupi sana. Zelewski mwenyewe aliuawa, na bunduki nyingi zikatekwa. Wadachi hawakusahau aibu hiyo. Tarehe 30 Oktoba 1894 waliivunja ngome ya Kalenga kwa mizinga. Mkwawa hakukubali kutii. Akaingia porini, akapigana kwa kuvizia karibu miaka minne, ijapokuwa kichwa chake kilikwisha kuwekewa zawadi ya rupia 5,000. Tarehe 19 Julai 1898, huko Mlambalasi, adui walipomkaribia, alijipiga risasi asije akakamatwa hai. Wadachi wakakata kichwa chake wakakichukua, na kiwiliwili kikazikwa palepale.

Wahenga walisema, "Adhabu ya kaburi aijuaye maiti." Lakini hapa walio hai nao waliijua. Katika nchi zetu maiti aliyezikwa nusu huhesabiwa kuwa hajalala, na jamaa zake hawana raha. Tena kuchukua kichwa cha mfalme ni kama kuwaambia watu wake, "Ninyi si kitu tena."

Vita Kuu ya kwanza ilipokwisha, Waingereza waliitwaa Tanganyika. Horace Byatt, mtawala wao, alishauri mwaka 1918 kwamba fuvu hilo lidaiwe, maana Wahehe walikuwa wamewasaidia Waingereza vitani, tena kurudishwa kwake kungewaonyesha wenyeji kwamba nguvu za Wadachi zimekwisha. Basi katika Mapatano ya Versailles ya mwaka 1919 liliandikwa sharti la 246, kwamba Udachi ulitoe fuvu la Sultani Mkwawa katika muda wa miezi sita. Wadachi wakajibu kwamba hawajui liliko, na Waingereza wakaliacha neno hilo. Hivyo twaona kwamba kilio cha watu kilitiwa katika mapatano kwa sababu kilifaa siasa, na siasa zilipopata mambo mengine, kilio kikawekwa kando.

Hata mwaka 1953 Gavana Edward Twining alikwenda mwenyewe kwenye nyumba ya makumbusho ya Bremen, akaonyeshwa mafuvu mengi. Jamaa za Mkwawa walikuwa wamepimwa vichwa, na vipimo vyao vikalinganishwa na vya mafuvu hayo. Likachaguliwa moja lenye tundu la risasi. Tarehe 19 Juni 1954 Twining alilikabidhi kwa Mtwa Adam Sapi, mjukuu wa Mkwawa, mbele ya umati wa watu hapo Kalenga. Lipo hapo mpaka leo katika makumbusho.

Je, ndilo lenyewe? Wako wataalamu walioona shaka, kwa kuwa kipimo cha kichwa na tundu la risasi si ushahidi wa kutosha. Watu wengi waliuawa kwa risasi siku zile. Nasi hatuwezi kuapa. Walakini tusifanye haraka kuwacheka waliolipokea. Miaka 56 walikuwa wakisubiri neno moja, kwamba walidhulumiwa, na siku ile neno hilo lilitamkwa kwa vitendo mbele ya watu wote.

Tena tusisahau majirani. Wasangu walipigwa na Wahehe wakafukuzwa kwao, wakaungana na Wadachi; nao walimkumbuka Mkwawa kwa namna nyingine. Urithi wa jamii una pande mbili: mtu mmoja aona shujaa, mwenziwe aona moto uliochoma kijiji cha babu yake. Baada ya uhuru wa mwaka 1961 taifa lilimfanya Mkwawa kuwa shujaa wa wote, na kambi ya jeshi ya Dar es Salaam ikaitwa Lugalo. Jambo hilo ni jema, maadamu habari za majirani hazifichwi.

Wala habari hii haijaisha. Watu wa Old Moshi bado wakitafuta kichwa cha Mangi Meli, aliyenyongwa mwaka 1900. Mwaka 2023 wataalamu wa Berlin walitangaza kwamba, kwa kuchunguza chembe za urithi, wamewapata jamaa walio hai wa baadhi ya mafuvu yaliyochukuliwa Afrika ya Mashariki. Na mwaka huohuo Rais wa Ujerumani alikuja Songea akaomba msamaha.

Basi, wasikilizaji, fuvu lile si mfupa tu. Ni swali: nani ana haki ya kuwatunza wafu wetu, na kuzisimulia habari zao? Ninyi wanafunzi, waendeeni wazee wenu mngali nao, mwaulize na kuandika, na kwa majirani vilevile. Mifupa huweza kupotea au kubadilishwa. Habari iliyoandikwa kwa haki haichukuliwi na mtu.