Filamu Isiyokuwa na Mtafsiri

Waliokulia Mfaranyaki, hapa Songea, enzi za mabanda ya video wanakumbuka: jenereta linanguruma nje, ndani mabenchi ya mbao, na juu ya kelele za Wachina wanaopigana, sauti ya mtafsiri Lufufu akitupasha kwa Kiswahili nani kamsaliti nani. Filamu isiyotafsiriwa tuliona tumepunjwa.

Huenda ndiyo sababu Flora M'mbugu-Schelling hakutufikia. Mwigizaji Kanumba tunamjua sote. Huyu mama, aliyekuwa akiongoza filamu kabla Bongo Movie haijapata jina, ukimtaja Songea leo utaulizwa anafundisha shule gani.

Zama hizo filamu nchini ilikuwa kazi ya serikali. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoanzishwa 1968, ilitoa picha kama Fimbo ya Mnyonge, ya kuhimiza ujamaa, na mtazamaji alirudi nyumbani ameshaambiwa la kufanya. M'mbugu-Schelling alitoa Kumekucha mwaka 1987, juu ya wanawake. Mwaka 1992 ikaja These Hands, yaani "mikono hii", dakika 45, na humo hamhubiri mtu.

Tuko Kunduchi, nje kidogo ya Dar es Salaam, kwenye machimbo ya mawe. Wanawake wameketi chini wanagonga kokoto. Nyundo inapanda, inashuka. Jiwe likipasuka, linawekwa jingine. Hakuna msimulizi wa kukuonea huruma kwa niaba yao. Kuna wakati wanaimba na kucheza, kisha nyundo tena. Mimi nilianza kuchoka, nikaona aibu: nimechoka kwa kutazama tu!

Wanawake hao ni wakimbizi wa Msumbiji, na hapo mtu wa Songea hana budi kukaa vizuri. Kwetu Msumbiji ni ng'ambo ya mto Ruvuma, kwa shemeji na mjomba. Vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe vilisimamishwa kwa mkataba wa Roma, Oktoba mwaka huohuo wa 1992. Waliokimbia risasi walikuwa wameshakutana na jiwe.

Juzi, kando ya barabara hapa Mfaranyaki, nilimkuta mama mmoja na rundo lake la kokoto. Jiwe kalizungushia kipande cha tairi lisiruke, vidole kavifunga kitambaa.

"Shikamoo mama. Ndoo bei gani?"

"Marahaba." Akanitajia bei. Nyundo haikusimama.