Tatu ya Kumi na Sita: Nana Konadu Agyeman-Rawlings na Nguvu ya Kuazima

Sheria ya mirathi ya Ghana ya mwaka 1985, maarufu kama PNDCL 111, ina orodha ambayo mtu hategemei kuikuta katika maandishi ya wanasheria. Inataja friji, televisheni, redio yenye kinanda cha santuri, vyombo vya jikoni na vya kufulia, zana ndogo za kilimo, vitabu, mifugo ya nyumbani, na gari pia, ilimradi lisiwe la biashara. Mtu akifa bila wosia, vitu hivyo pamoja na nyumba moja ni vya mwenzi aliyebaki na watoto. Mali nyingine inagawanywa mafungu kumi na sita: matatu ya mwenzi, tisa ya watoto, mawili ya mzazi wa marehemu, na mawili yafuate mila. Kwa msomaji asiyezijua jamii za Akan, hiyo ni hesabu tu ya mirathi. Kwa aliyelelewa ndani yake, ilikuwa mapinduzi mazito kuliko yale yaliyowaweka madarakani wanajeshi walioitunga. Ukoo wa Akan hufuata upande wa mama. Mke si wa ukoo wa mumewe, na watoto si wa ukoo wa baba yao. Mwanamume akifa bila wosia, alichochuma kilikwenda kwa ndugu zake wa tumbo moja na kwa wapwa zake, watoto wa dada. Mjane aliyepalilia kakao miaka ishirini angeweza kutoka katika nyumba hiyo na nguo zake tu.

Sheria hiyo huhusishwa na Nana Konadu Agyeman-Rawlings, mke wa Jerry John Rawlings, mtawala wa Ghana wakati ule; mama huyo alifariki Accra tarehe 23 Oktoba 2025 akiwa na umri wa miaka 76. Makala haya yanadai kwamba mke wa rais hana mamlaka yake mwenyewe. Alicho nacho ni sikio la mwenye mamlaka, na hilo ni la kuazima. Wahenga wamekwisha kusema kwamba nguo ya kuazima haisitiri matako. Methali hiyo ni kweli nusu. Nana Konadu aliazima kwa takriban miaka ishirini, na kilichodumu ni kile alichokihamisha kutoka mikononi mwa mumewe na kukitia katika vitabu vya sheria. Alichojaribu kukihamishia kwenye sanduku la kura kilimponyoka.

Alizaliwa Cape Coast tarehe 17 Novemba 1948 katika familia ya Kiasante, mojawapo ya jamii za Akan, akasoma Achimota, shule aliyosoma pia Rawlings, kisha akasomea sanaa na ufumaji katika chuo kikuu cha Kumasi. Walioana mwaka 1977, mume akiwa rubani wa jeshi la anga. Tarehe 4 Juni 1979 wanajeshi wa vyeo vya chini walimtoa Rawlings mahabusu na kumpa nchi. Miezi ile michache ya kwanza haina budi kutajwa na kila anayeandika habari za mama huyu, kwa sababu tarehe 18 Agosti 1979 serikali ya mumewe ililibomoa soko la Makola Namba 1 katikati ya Accra. Lilikuwa soko la wanawake. Walishutumiwa kwa ulanguzi na kuficha bidhaa, na baadhi yao walichapwa viboko hadharani. Uchumi uliokuwa umeoza kuanzia juu ukatafutiwa mkosaji, akaonekana kuwa ni mama muuza vitambaa. Utawala ulioahidi kumkomboa mnyonge ulianza safari yake kwa kumpiga mwanamke aliyejitegemea.

Rawlings aliikabidhi nchi kwa raia Septemba mwaka huo, akairudia tarehe 31 Desemba 1981. Mwaka uliofuata likaanzishwa Vuguvugu la Wanawake la 31 Desemba, ambalo Nana Konadu alikuja kuwa rais wake. Jina hilo linajieleza. Jumuiya ya wanawake iliyobatizwa kwa tarehe ya mapinduzi ilikuwa tayari imekiri baba yake ni nani. Hata hivyo kazi yake ilionekana kwa macho: vituo vya kulelea watoto ili mama aende sokoni au shambani bila mtoto mgongoni, mashine za kusaga muhogo wa kutengenezea gari (chakula cha unga wa muhogo), ukamuaji wa mawese, mikopo midogo, madarasa ya kusoma na kuandika. Vuguvugu lilijitangazia wanachama wapatao milioni mbili. Namba hiyo tuiweke kando kwa sasa, tutaihitaji mbele.

Pingamizi la kwanza dhidi ya hoja yangu ni la wanahistoria wa sheria: PNDCL 111 si mali ya Nana Konadu. Wana ushahidi. Serikali ya Nkrumah ilijaribu kuzipanga upya ndoa na mirathi mwanzoni mwa miaka ya 1960, na muswada wake ukakwama. Tume ya marekebisho ya sheria ilikuwa imeifanyia kazi mada hiyo kabla ya Rawlings, na chama cha wanasheria wanawake, FIDA, kilikuwapo tayari. Nakubali yote hayo, na naona yanaipa hoja uzito zaidi. Wazo lilikuwapo kwa zaidi ya miaka ishirini, na wataalamu walikuwapo. Kilichokosekana ni mtu wa kulifikisha mezani kwa mtawala na kulisimamia lisirudishwe kabatini. Mwaka 1985 kilichokuwa kimekosekana kikapatikana. Sheria haikutoka peke yake: pamoja nayo zilitoka za kusajili ndoa za kimila na talaka, na ya kumbana mkuu wa ukoo atoe hesabu ya mali anayoisimamia. Mwaka mmoja kabla, mila za kikatili dhidi ya wajane zilikuwa zimefanywa kosa la jinai. Kisha matawi ya Vuguvugu yakaipeleka sheria vijijini na kuieleza kwa lugha za watu, kazi ambayo mawakili wachache wa Accra wasingeiweza hata wangetaka.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, na linatoka kwa wanawake wenyewe. Mwaka 1995 mwanazuoni Amina Mama, akichambua programu ya Maryam Babangida, mke wa aliyekuwa mtawala wa kijeshi huko Nigeria, alionya juu ya utawala wa wake wa wakubwa: wachache wanaopata madaraka kwa kuolewa, wanaosema kwa niaba ya wanawake wote huku wakiipamba serikali ya wanaume, na ya kijeshi juu ya hilo. Ghana inaingia katika picha hiyo bila kulazimishwa. Baraza la taifa la wanawake na maendeleo, lililoanzishwa 1975, lilififia kivulini mwa Vuguvugu, na jumuiya zilizotaka kusimama bila kumshukuru mke wa mkuu wa nchi zilipumua kwa shida. Sioni namna ya kuifuta lawama hiyo, na sitajaribu. Ninachokataa ni hitimisho kwamba kwa hiyo hakuna kilichobaki ila mapambo. Mjane anayesimama mbele ya hakimu akiwa na PNDCL 111 mkononi haulizwi kadi ya Vuguvugu wala alimpigia nani kura. Na jambo hili halipendezi kuandikwa: sheria hiyo ilipita kwa sababu hapakuwa na bunge. Ilitoka kama amri. Bunge lililokuja na Katiba ya 1992 lingekuwa na wakuu wa koo ndani yake na nyuma yake.

Kuna hoja nyingine ambayo kwangu ndiyo yenye akili kuliko zote. Mfumo wa Akan haukumnyima mwanamke. Ulimpa kama dada, kama mama na kama mpwa. Sheria mpya ilimchukulia dada ili impe mke, na ikaifanya familia ya baba, mama na watoto ndiyo kipimo. Nana Konadu, Mwasante, alikuwa akipunguza haki za wanawake wa aina yake mwenyewe. Jibu liko katika mpaka ambao sheria ilijiwekea. Mali ya ukoo haikuguswa. Kilichoguswa ni kile alichochuma marehemu mwenyewe, na mara nyingi alikichuma na mke. Kama kuna kosa, liko upande wa pili: sheria ilitoa kidogo. Shamba la kakao lililoandikwa jina la mume si nyumba wala si kifaa cha nyumbani, kwa hiyo linaangukia kwenye mafungu kumi na sita, na aliyelipalilia anapata matatu. Wake wakiwa wawili, wanayagawana hayo hayo.

Sasa turudi kwenye namba. Julai 2011, huko Sunyani, Nana Konadu alimkabili Rais John Atta Mills kuwania ugombea urais wa NDC, chama alichokiasisi mumewe. Mumewe alikuwa hai, alikuwa upande wake, na umati bado ulikuwa ukimshangilia. Mills alipata kura 2,771. Nana Konadu alipata 90. Alihama akaunda chama cha NDP, fomu zake zikakataliwa mwaka 2012, na mwaka 2016 akawa mwanamke wa kwanza kuwamo katika karatasi ya kura ya urais Ghana, akapata kura 16,878, yaani asilimia 0.16. Watetezi wake husema ni ubaguzi dhidi ya mwanamke, na ubaguzi ulikuwapo kweli. Tamaa ya uongozi ambayo kwa mwanamume huitwa maono, kwake iliitwa uchu. Lakini ubaguzi hauelezi walikokwenda wale milioni mbili. Hata ukiipunguza namba kwa ukali, kura za 2016 zinaonyesha kwamba wengi walihudhuria kwa sababu serikali ilikuwa mlangoni. Serikali ilipoondoka mwaka 2001, nao wakaondoka.

Mwanamke wa kwanza kuwa makamu wa rais wa Ghana, Jane Naana Opoku-Agyemang, aliapishwa Januari 2025 kwa tiketi ya NDC ile ile. Alikuja kwa njia ya chuo kikuu alichokiongoza na wizara aliyopewa. Hakuna aliyemwazima mume. Miezi tisa baadaye Nana Konadu alifariki. Aliacha kazi haijakamilika: Ibara ya 22 ya Katiba ya 1992 ililiagiza Bunge litunge, mapema iwezekanavyo, sheria ya haki za mali za wanandoa, ile ambayo ingemfaa mke wa shamba la kakao wakati mume angali hai. Miswada imeandikwa na kusomwa. Hadi Nana Konadu anazikwa, hakuna uliokuwa umepitishwa.