Barry Fitzgerald: Karani Aliyejificha Jukwaani

William Joseph Shields alizaliwa Dublin tarehe 10 Machi 1888, na mwaka 1911 akapata ajira serikalini. Baadaye alihamishiwa ofisi iliyoshughulikia watu wasio na kazi. Mchana alikuwa karani kama makarani wengine. Jioni aliingia ukumbi wa Abbey, akajipaka rangi usoni na kupanda jukwaani kwa jina la Barry Fitzgerald. Jina hilo alijitwalia ili wakubwa wake kazini wasimshtukie. Alikuja kuiacha ofisi mwaka 1929, akiwa na umri wa miaka 41.

Wengi wanamjua kwa filamu zake za Marekani: kizee kifupi, mkali, mwenye kofia na kiko, na sauti ya kukwaruza. Huyo yupo kweli, ila ni nusu tu ya mtu. Nusu kubwa ilibaki Dublin, mahali ambapo hapakuwa na kamera.

Abbey ilifunguliwa tarehe 27 Desemba 1904, ikisimamiwa na mshairi W. B. Yeats na Lady Gregory. Fedha zilikuwa haba, na waigizaji wengi walitegemea mishahara ya kazi zao za mchana. Hata serikali ya Ireland huru ilipoanza kuutolea ukumbi huo ruzuku mwaka 1925, kiasi chenyewe kilikuwa pauni 850. Umaskini huo, kwa maoni yangu, ulizaa mtindo. Mtu aliyetoka kazini amechoka hana nguvu za kupunga mikono na kunguruma. Husimama, humsikiliza mwenzake, halafu husema neno lake kwa wakati. Fitzgerald hakuzaliwa na ustadi huo. Husimuliwa kwamba katika igizo la Sheridan, *The Critic*, alipewa sentensi ya maneno manne tu, na ulimi ukamteleza hata hayo akayavuruga. Ukumbi mzima ukaangua kicheko.

Baba yake Fitzgerald alikuwa mtu wa vyama vya wafanyakazi, familia ilikuwa ya Kiprotestanti, na mdogo wake Fitzgerald, Arthur, naye akawa mwigizaji wa Abbey. Arthur ndiye aliyeshika bunduki. Katika uasi wa Pasaka wa 1916 dhidi ya utawala wa Waingereza alikwenda kuichukua silaha yake ilipokuwa imefichwa, chini ya jukwaa, na uasi uliposhindwa akafungwa katika kambi ya Frongoch, Wales. Mwigizaji mwenzao, Sean Connolly, aliuawa siku ya kwanza ya mapigano.

Basi Sean O'Casey alipoanza kuandika tamthilia kuhusu miaka hiyo ya damu, waigizaji hawakuhitaji kuelezwa harufu ya baruti. Machi 1924 Fitzgerald alicheza Kapteni Boyle katika *Juno and the Paycock*. Boyle hujiita nahodha ingawa bahari haijui vizuri, na kila akisikia habari ya kibarua, miguu huanza kumuuma. Mkewe, Juno, aliigizwa na Sara Allgood; mlevi mwenzake, Joxer, na F. J. McCormick. Fikiria hapo: karani wa ofisi ya wasio na kazi, ambaye kutwa amewasikiliza watu wakieleza kwa nini hawana ajira, usiku anageuka kuwa mkimbia kazi mashuhuri kuliko wote Dublin.

*The Plough and the Stars* ya 1926 haikupokelewa kwa kicheko. O'Casey alikuwa ameingiza bendera ya wapiganaji ndani ya baa, na kahaba yumo humohumo. Wajane na jamaa za mashujaa wa 1916 waliona wamedharauliwa. Usiku wa nne, Februari 11, fujo zilizuka, waandamanaji wakapanda jukwaani, na Fitzgerald akamtwanga mmoja wao ngumi akaanguka chini. Yeats alitokea mbele ya pazia kuwakaripia watazamaji, ingawa kwa kelele zile wachache walimsikia. Husemwa pia kwamba watu wenye silaha walikwenda nyumbani kwa mama yake kumteka Fitzgerald, wakamkosa.

Tamthilia hiyohiyo ya O'Casey ndiyo iliyompeleka Hollywood. Mwongozaji John Ford alipoigeuza filamu mwaka 1936 aliagiza waigizaji wa Abbey, na Fitzgerald akabaki hukohuko. Nyingi za kazi zilizofuata zilimwomba arudie vituko vilevile, jambo ambalo hata mashabiki wake lazima walikubali. *Going My Way* ya 1944 ni tofauti. Mprotestanti huyu aliigiza padri mzee wa Kikatoliki, na kwa uhusika huohuo mmoja akapendekezwa kwa tuzo mbili za Oscar, ya mwigizaji bora na ya mwigizaji msaidizi. Alipata ya pili. Ya kwanza ilikwenda kwa Bing Crosby, mwenzake katika filamu ileile. Kanuni ikabadilishwa jambo hilo lisitokee tena. Sanamu wakati huo wa vita zilikuwa za plasta, na ya kwake aliivunja kichwa akifanya mazoezi ya gofu nyumbani.

Mwaka 1951 Ford aliwarudisha ndugu hao wawili Ireland kupiga *The Quiet Man* katika kijiji cha Cong. Arthur alikuwa mchungaji wa Kiprotestanti, na Barry mshenga: mzee mwenye kigari cha farasi anayepeleka posa huku koo likimkauka kwa kiu ya pombe. Kiangazi hichohicho, Julai 18, Abbey iliungua moto baada ya onyesho la *The Plough and the Stars*. Jengo jipya lilifunguliwa 1966, miaka mitano baada ya kifo cha Fitzgerald.

Kabla ya kufa alifanya jambo moja lililonifurahisha kuliko Oscar. Katika *Broth of a Boy* ya 1959, iliyotokana na tamthilia ya Hugh Leonard iliyokwisha kuchezwa Abbey, alikuwa mzee wa miaka 110, mkongwe kuliko wote duniani. Watu wa televisheni wanakuja kumpiga picha siku yake ya kuzaliwa. Mzee anakataa katakata mpaka alipwe kwanza.