Pugu 1889: na wale watoto je?

Mtajie mtu wa Dar neno Pugu, atakuambia mnada wa ng'ombe. Mwingine atakuambia shule, ile ambayo Mwalimu Nyerere alikuwa akifundisha mpaka alipoacha kazi mwaka 1955 aingie kwenye siasa moja kwa moja. Mkatoliki ataongeza Kituo cha Hija. Ni wachache watakaokuambia kwamba kwenye vilima hivyo, siku ya Jumapili tarehe 13 Januari 1889, misheni nzima ilichomwa moto na watu watatu wakauawa.

Sisi tuliosoma sekondari Kibaha tulifundishwa vita vya Abushiri kwa mtindo ule wa notisi: sababu, viongozi, matokeo. Unakariri, unaandika kwenye mtihani, unasahau. Pugu haikuwemo. Na hata nilipokuja kuisoma mwenyewe, niliikuta imeandikwa kwa namna mbili zisizosalimiana. Vitabu vya Kanisa vinasema wafia dini. Vitabu vya utaifa vinasema wazalendo walishambulia mawakala wa mkoloni. Chagua upande wako, mdau.

Mimi nimeshindwa kuchagua, na nitaeleza kwa nini.

Waliokuwa Pugu ni Wabenedikto wa St. Ottilien, shirika changa la Ujerumani lililoanzishwa mwaka 1884 na padri aliyeitwa Andreas Amrhein. Kundi lao la kwanza liliondoka Ulaya Novemba 1887: padri, mabruda na masista. Mwaka 1888 walijenga Pugu, kama kilometa 20 hivi kutoka bandarini Dar es Salaam, kwenye njia ya kuelekea Kisarawe. Leo Pugu inahesabika Ilala, lakini ukivuka tu uko Kisarawe. Waliouawa ni Sista Martha Wansing na mabruda wawili, Petrus Michl na Benedikt Kantwerg. Wenzao waliotekwa walikombolewa kwa fedha baadaye mwaka uleule.

Sasa angalia tarehe. Agosti 1888 Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki ilikuja kushika utawala wa pwani kwa mkataba wake na Sultani wa Zanzibar. Huko Pangani walianza kwa ubabe wa ajabu. Bendera ya kampuni ikapandishwa kwa nguvu, na moja ya malalamiko makubwa ya wenyeji lilikuwa kwamba Wajerumani waliingia msikitini na mbwa. Kwa hiyo kabla Pugu haijachomwa, kuna waumini wengine waliokuwa wameshadhalilishwa ndani ya nyumba yao ya ibada. Mwezi uliofuata pwani ikawaka, Abushiri bin Salim akiwa mbele. Desemba 2 meli za Wajerumani na Waingereza zikazingira pwani yote kwa jina la kuzuia silaha na biashara ya watumwa. Waliokuwa wakikombolewa kwenye majahazi wakawa wanapelekwa misheni. Kwa mtu aliyekuwa akiishi kwa biashara hiyo, misheni ya Pugu ilikuwa ghala lililojaa mali yake.

Lakini tazama Bagamoyo. Pale kulikuwa na misheni Katoliki tangu 1868, ya Mapadri wa Roho Mtakatifu, wengi wao Wafaransa. Dini ni ileile, msalaba ni uleule, misa ni ileile ya Kilatini. Abushiri hakuigusa. Wakati mji unapigwa mizinga na watu wanakimbia, maelfu walijihifadhi ndani ya uwanja wa misheni ile, naye akaheshimu makubaliano yake na mapadri. Kama shida ingekuwa msalaba, Bagamoyo ingetangulia kuungua.

Ndiyo maana neno "mateso ya dini" linanipa tabu hapa. Kilichowaponza wale mabruda na yule sista kilikuwa bendera kuliko rozari. Hilo haliondoi kwamba walikufa, na kwamba walikuja hapa kwa ajili ya imani yao na si kwa ajili ya hisa za kampuni.

Halafu kuna wale watoto. Hapa ndipo vitabu vyote, vya Kanisa na vya utaifa, vinaponiudhi. Watatu waliouawa wana majina, tarehe na picha. Waafrika waliokuwa wakiishi Pugu wanatajwa kwa mkupuo: "watoto waliokombolewa". Walitawanyika siku ile, na wapo waliorudishwa utumwani. Fikiria mtoto aliyekamatwa huko bara, akatembezwa mpaka pwani, akaokolewa, akaanza kuzoea kitanda na sala ya jioni, kisha moshi. Bendera haikuwa yake. Vita havikuwa vyake. Kosa lake lilikuwa kuonekana mali ya mtu. Ukinitaka nimwonyeshe aliyeonewa Pugu bila ubishi wowote, nitaanza na huyo.

Abushiri alinyongwa Pangani Desemba 15 mwaka uleule. Wabenedikto walihamia Dar es Salaam.

Miaka mitatu baada ya moto, mwaka 1892, Walutheri wa kutoka Berlin, wakiongozwa na Johann Jakob Greiner, walifungua kituo Kisarawe na kukiita Hoffnungshöhe, yaani kilima cha matumaini. Walikusudia kuwapa waliokombolewa mahali pa kulima na kuoa. Maneromango ikafuata 1895. Naona watu wanapita haraka sana jambo hili. Familia za kwanza za Kikristo za Kisarawe, nyingi hazikuwa na shangazi wala babu wa kwenda kumuuliza. Mzaramo wa kijiji cha jirani alikuwa na ukoo, mizimu, na baadaye msikiti. Hawa walikuwa na kanisa tu. Mtu wa namna hiyo ukimwambia aache dini, unamwambia aache ndugu.

Mwaka 1905 moto mwingine ulipita. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alikuwa ameshanyongwa, na Kibasila, jumbe wa Kisangire huku Kisarawe, naye akaishia kwenye kamba. (Ndiyo, Kibasila ile ya shule ya Dar.) Maji yalikuwa imani pia, jamani. Watu waliamini, wakafa kwa kuamini, ila hakuna anayewaita wafia dini. Mwezi huohuo wa Agosti wapiganaji walimuua Askofu Cassian Spiss, Mbenedikto, akielekea Liwale pamoja na mabruda wawili na masista wawili, na wao wanaitwa hivyo. Sibishi heshima waliyopewa. Nauliza tu kwa nini kamusi yetu ni fupi.

Vita Kuu ilipokuja mwaka 1914 bendera ikarudi na kazi yake. Wajerumani waliwakamata walimu na mapadri Waafrika wa UMCA, Waanglikana, wakawafunga na kuwatumikisha kwa madai kuwa ni wapelelezi wa Waingereza. (UMCA hiyo ndiyo iliyokuja kuhamishia chuo chake Minaki, Kisarawe, kutoka Zanzibar.) Septemba 1916 Waingereza wakaingia Dar es Salaam, kibao kikageuka: wamisionari wa Kijerumani wakawekwa kizuizini, kisha wakafukuzwa nchini.

Kisarawe na Maneromango zikabaki na walimu Waafrika na familia zao. Hakuna mshahara kutoka Berlin, hakuna barua, na serikali mpya inalitazama kanisa lako kama mabaki ya adui. Majirani wengi wanazidi kuwa Waislamu, na wala si maadui: mnazikana, mnachezeana ngoma, mnaoleana pia. Ingekuwa rahisi kabisa kuacha, na hakuna ambaye angekulaumu. Wajerumani waliruhusiwa kurudi kuanzia mwaka 1925. Walikuta waumini wapo, watoto wamebatizwa, Jumapili inaendelea.

Mwaka 1940 wakakamatwa tena. Safari hii walikuja Waswidi na Wamarekani wa Augustana kusaidia. Juni 1963 makanisa saba ya Kilutheri yalipoungana kuwa KKKT, moja ya hayo saba lilikuwa la Uzaramo na Uluguru.