Kuondoa shauri

Mdai akiliondoa shauri lake ili atafute nafuu kwa njia nyingine, utasoma gazetini: "Kesi yatupwa." Huko ni kumwonea. Mahakama ndiyo hutupa, aliyefungua huondoa. Nchini Tanzania, Amri ya XXIII ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inamruhusu kuliondoa wakati wowote. Ila mwandishi aliye mahakamani atege sikio kwa maneno yanayofuata, "kwa ruhusa ya kufungua upya", maana ndiyo yenye uzito wote. Mdai akiikosa ruhusa hiyo, hawezi kufungua tena shauri kuhusu jambo lilelile. Hata akiipata, ukomo wa muda huhesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa.